Figo za Bosi

Mume wa fundi cherehani alipofariki, alimwachia mkewe vitu vya kulea: dada yake mwenye maneno mengi, na paka wa rangi ya majivu aitwaye Bosi. Fundi hakulia msibani. Watu walisema amejikaza kweli. Yeye alijiona kama mkono uliolaliwa: upo, lakini haupo.

Daktari wa mifugo alikuwa ameshawaambia kwamba figo za Bosi zimeanza kuchoka, wamwangalie. Fundi akamwangalia. Mwanzoni paka alikunywa maji kama ametoka jangwani, hata ya ndoo ya kufulia, na mchanga wake wa kukojolea ukawa haukauki. Kisha akakonda, manyoya yakakosa mng'ao. Sasa alikaa mbele ya bakuli, kichwa chini, kama mtu aliyesahau alichofuata. Asubuhi hiyo alitapika povu chini ya cherehani.

"Wifi, mdomo wake unanuka mkojo," alisema dada wa marehemu. "Njoo unuse."

"Nimeshanusa."

"Sasa?"

"Sasa twende."

Daktari alivuta ngozi ya shingo ya Bosi. Ikabaki imesimama kama pindo lililopigwa pasi. Akamfungua kinywa, akawaonyesha vidonda kwenye ufizi uliopauka.

"Figo zimefika mwisho," alisema. "Nikimwekea dripu atapata nafuu kidogo, halafu mtamrudisha akiwa hoi zaidi. Au tumpumzishe."

"Anaumia?" Fundi aliuliza.

"Anaumia, mama. Paka hajui kulalamika tu."

Wifi, ambaye miaka yote alimwita Bosi mla bure, aliangua kilio. "Kaka alikuwa anamlisha kwa mkono wake! Wifi, sema kitu basi!"

"Apumzishwe," alisema Fundi. Sauti ilitoka imenyooka kama rula.

Alimpakata yeye mwenyewe. Sindano ilipoingia, Bosi alizidi kuwa mzito mapajani, pumzi ikapungua, ikaisha. Fundi alingoja kitu kimpande kifuani. Hakikupanda. Akamfunika kwa khanga, akamshukuru daktari.

Njiani mteja akawasimamisha. "Fundi, gauni langu tayari?"

"Njoo kesho, bado vifungo."

Mteja alipopita, wifi alijifuta pua. "Kwani wewe huna hata chozi?"

"Sina, wifi. Nikilipata nitakuita."

Wifi akacheka huku analia, akamshika mkono. Fundi akauacha ushikwe, wakaendelea kutembea.