Ramani ya Bodi Nyingine

Dada mtu alifika na simu ya marehemu mama yao, akaiweka mezani kwa mdogo wake, fundi simu, akavuta kiti. Ndugu hawa hawakuwa wa kukosa la kutaniana, lakini siku hiyo hakuna aliyethubutu. Simu ilikuwa imezima kabisa, hata chaji haipokei. Ndani yake mlikuwa na maneno ambayo mama alimrekodia dada huyu wiki ya mwisho ya uhai wake, akashindwa kuyatuma. Dada alikuwa amemnunia mama miaka miwili mizima, hapokei simu zake. Sasa alitaka kujua kitu kimoja tu: mama alikufa na kinyongo naye, au alikuwa ameshamsamehe?

Fundi akamweleza taratibu. Kumbukumbu ya simu imegawanywa vyumba vyumba, na kuna faili la ramani linaloiambia kompyuta kila chumba kinaanzia wapi na kuishia wapi. Yeye angeandika upya chumba cha mfumo tu, yaani programu inayoiendesha simu. Chumba cha vitu vya mama angekiondolea tiki, kisiguswe. Ramani ya modeli ile alikuwa nayo, ameitumia mara chungu nzima. Hakujisumbua kuisoma upya kutoka kwenye simu yenyewe. Kazi ya kila siku ina kiburi chake, jamani.

Akaiunga simu na kompyuta, akabonyeza kuanza. Mstari wa kuonyesha kazi inavyokwenda ukajaa. Simu ikatetemeka, ikawaka.

Dada akashika kifua, akamshukuru Mungu, akasema fundi ni huyu, wengine wanabahatisha. Fundi akaiangalia simu. Kioo kilikuwa kinamkaribisha na kumwomba achague lugha, kama simu iliyotoka dukani leo. Hapo ndipo alipokumbuka kwamba bodi ya simu ile, ubao wa ndani unaobeba kumbukumbu, si ya asili: aliibadilisha mwenyewe mwaka juzi, akamwekea mama nyingine yenye kumbukumbu kubwa zaidi. Vyumba vyake havianzii pale ramani ya zamani inaposema. Mfumo ameuandika juu ya chumba cha mama.

Uongo ulimjaa mdomoni. Angesema simu ilikuwa imeshajifuta, nani angembishia? Angeweza hata kudai aliyasikia yale maneno, mama kasamehe.

"Dada, nimeyafuta mimi. Nimetumia ramani isiyo yake."

Dada akaigeuza simu mkononi. Kisha akamuuliza mdogo wake kama aliwahi kuyasikia. Fundi akasema mama alirekodia hapa hapa, kwenye stuli ile ya pembeni, ila yeye alikuwa amewasha blowa, mashine ya hewa moto ya kuyeyushia risasi ya kuungia vifaa vya simu, na kelele zake si za mchezo. Aliona midomo tu ikicheza, muda mrefu.

"Alikaa vipi?"

Fundi akaenda kwenye stuli, akamwonyesha: kiwiko gotini, simu karibu na mdomo, mkono wa pili umefunika macho.

Dada akachukua simu, akakaa vile vile.

"Washa hiyo blowa," akasema.

Fundi akaiwasha. Midomo ya dada yake ikaanza kucheza, na yeye akageukia ukutani.