Wa Arobaini na Moja

Jumatatu ilikuwa siku ya kukata kucha. Mdogo alianza saa mbili asubuhi, mara baada ya uji, akiwa na kigoda, beseni la maji ya vuguvugu na mkasi wa chuma, na kufikia adhuhuri alikuwa amemaliza wazee kumi na wawili, mikono na miguu. Wote pamoja walikuwa watu arobaini. Kucha za mtu wa miaka mia na ishirini ni ngumu kama pembe. Lazima ziloweshwe kwanza, na mwenyewe asikilizwe akieleza jinsi unavyomuumiza. Kazi hiyo ilimchukua hadi Jumatano, na Alhamisi ilikuwa ya mashuka.

Mdogo mwenyewe alikuwa na miaka sabini na mmoja. Jina hilo alilipata kwa kuwa wa mwisho kuzaliwa katika Vijana wa ushirika, yaani watoto wa wazee hao, na hakuna aliyewahi kuona sababu ya kulibadilisha. Vijana waliobaki walikuwa watano, na wanne kati yao walikuwa hawaoni au hawatembei. Mwenyekiti wao alikufa mwaka uliopita akiwa na miaka sabini na tisa. Baba yake alihudhuria maziko kwenye kiti cha magurudumu, akanung'unika kwamba watoto wa siku hizi hawana subira.

Mambo yalikuwa hivi. Miaka sabini na mmoja na miezi kadhaa iliyopita, Jumapili moja ya mvua, Mwinjilisti alisimama katika ukumbi wa ushirika, huohuo wanamolala wazee hadi leo, akaeleza dalili za mwisho: vita na habari za vita, njaa, matetemeko, upendo wa wengi kupoa. Kisha akasoma ile ahadi kwamba kizazi hiki hakitapita kabla hayo yote hayajatimia. Akasukuma komeo la mlango, akasema, "Kizazi hiki ni sisi tuliomo humu ndani." Karani akaandika majina arobaini daftarini; watoto walikuwa wameachwa nyumbani kwa sababu ya mvua. Fundi cherehani mmoja alikuwa ametoka nje kuifunika baiskeli yake isilowe. Aliporudi alikuta mlango umefungwa, na baada ya miaka miwili akafa kwa homa, kama watu wanavyokufa. Wale arobaini hawakufa. Mmoja aligongwa na lori, akainuka akaulizia kofia yake. Wahenga walisema hakuna marefu yasiyo na ncha, lakini wahenga hawakuwamo ukumbini siku ile.

Tangu siku hiyo waliacha kazi, wakakaa kungoja. Wiki iliyofuata wakawatoa watoto shuleni, maana dunia inafungwa, hesabu za nini? Mdogo, aliyekuwa bado tumboni, hakupelekwa hata siku moja. Alipoposwa aliambiwa bado kidogo, binti, na alipoambiwa hivyo kwa miaka kumi akaolewa bila kuaga. Akazaa binti, binti naye akazaa binti, kisha akafa kwa presha akiwa na miaka arobaini. Huyu mjukuu aliyebaki Mdogo alimsomesha kwa ujanja. Kila wazee walipouliza alipo, alijibu kwamba mtoto kaenda kuteka maji. Mtoto alikwenda kuteka maji kwa miaka kumi na mitatu, akafaulu vizuri, na sasa alikuwa na barua ya chuo cha ufundi, idara ya umeme. Alitakiwa kuripoti Jumatatu ijayo.

Alhamisi hiyo, akikamua shuka, Mdogo aliishiwa pumzi. Aliegemea ukuta mpaka ukuta ukaacha kuzunguka, akafua zilizobaki, kisha akaenda kliniki. Daktari alimsikiliza kifua mbele na nyuma.

"Moyo umechoka, mama," alisema. "Usibebe vitu vizito."

"Vizito kama nini?"

"Kama watu."

"Nikivibeba?"

"Miezi. Labda miwili."

Mdogo alirudi nyumbani huku vidole viwili vikiwa juu ya kifundo cha mkono wa kushoto, akisikiliza. Kufa hakukumtisha sana. Alikuwa amewaona wenzake wote wakifanya hivyo, na hawakulalamika baadaye. Kilichomkosesha amani ni Jumatatu. Akifa yeye, hakuna mwingine mwenye mikono ila mjukuu, na wazee hawawezi kuachwa. Wasipolishwa hawafi, wanaumia tu. Aliwahi kuwaacha siku mbili kwa ajili ya msiba wa binti yake, na aliporudi kilio chao alikisikia tangu barabarani, na cha mama yake mzazi alikitambua kati ya vile vingine. Mjukuu angewasikia pia, na asingeondoka. Mdogo alimjua. Kosa lake lilikuwa moja tu, kumlea awe na huruma; angelijua, pengine angemlea vingine.

Mjukuu alimkuta ameketi jikoni bila kuwasha moto.

"Bibi, daktari kasemaje?"

"Kasema nipumzike."

"Basi siendi."

"Utakwenda. Kakunje nguo zako."

"Na wewe nani atakusaidia?"

"Mimi nilikuwa nikikusaidia wewe kuteka maji," alisema Mdogo. "Kakunje nguo."

Usiombe wasiwasi wa mtu anayehesabu mapigo. Kila moyo uliporuka pigo moja, alimwona mjukuu wake akiwa na miaka sabini na mmoja, na beseni. Ndipo, Ijumaa asubuhi, wakati akimgeuza mama yake ubavu wa pili ili ngozi isichubuke, wazo lilipomjia. Siku ile ya komeo, mama yake alikuwa mjamzito wa miezi saba. Kama yeye Mdogo alikuwamo ukumbini, basi ni wa kizazi kile, na hatakufa. Atakata kucha na kufua mashuka mpaka hayo yote yatimie, na mtoto wa watu ataenda kusomea umeme wake. Alipiga moyo konde, akaomba kikao.

Baraza lilikaa Jumamosi baada ya chai. Karani, mwenye miaka mia na kumi na minane, alifunguliwa daftari.

"Majina ni arobaini," alisema. "Lake halimo."

"Alikuwa hajapewa jina," alisema Mwinjilisti. Yeye alikuwa na miaka mia na thelathini na mmoja, na sauti yake ilikuwa bado nzuri. "Swali ni kama alikuwamo."

"Alikuwa ndani ya mama yake."

"Na mama yake alikuwa wapi?"

"Pale karibu na kinanda."

"Kinanda kilikuwa wapi?"

"Ndani," alikiri Karani.

Mzee mmoja alipinga kwamba asiyesikia ahadi hawezi kuidai. Hapo mama yake Mdogo, ambaye kwa miaka sita hakuwa amesema neno ila kuomba maji, aliinua mkono.

"Alisikia," alisema. "Mwinjilisti aliposukuma komeo, alinipiga teke mpaka nikashika kiti." Alimtazama bintiye. "Nimewazika wawili. Huyu msinizikishe."

Mdogo hakujua kwamba mama yake alikuwa akihesabu. Alilia hadharani, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu msiba wa binti yake, na Mwinjilisti akamwambia Karani aandike.

Namba arobaini na moja iliandikwa kwa wino. Kabla wino haujakauka, kifua cha Mdogo kilitulia kama mtoto aliyepewa anachokitaka. Alikwenda kliniki moja kwa moja. Daktari alisikiliza mbele, akasikiliza nyuma, akavua vifaa masikioni.

"Umeingizwa kwenye daftari?"

"Leo hii."

"Ungeniambia mapema nisingekuandikia dawa," alisema, akamwita mgonjwa anayefuata.

Mdogo alirudi akitembea kama msichana. Mkoba wa mjukuu ulikuwa mlangoni, umefungwa. Wazee wawili walikuwa wamechafua nguo wakimngoja, naye akaingia bafuni kuchukua ndoo. Alishika mkono wa ndoo, akavuta. Ndoo haikuinuka. Haikuwa nzito, nusu yake ilikuwa tupu. Haikuinuka tu. Alijaribu kwa mikono miwili, akajaribu beseni, akajaribu kopo la kuogea. Kisha akainua kitabu cha nyimbo kilichokuwa dirishani, nacho kikaja kirahisi.

Alikirudisha kitabu dirishani. Miaka yote aliyowalisha, Mungu amsamehe, alikuwa akidhani ni uvivu.

"Hukujua, dada?" aliuliza Mwinjilisti kutoka ukumbini. Maisha yote alikuwa akimwita binti. "Anayengoja hashiki ndoo. Njoo ukae."

Kiti cha arobaini na moja kilikuwa kimeshawekwa, karibu na cha mama yake, na mto juu yake. Ni mjukuu aliyekiweka. Alikuwa amesimama kando ya ukuta, mikono nyuma, akimtazama bibi yake akija bila kitu mkononi, na alielewa kabla hajaambiwa.

"Nenda," alisema Mdogo. "Nakuamuru."

"Nani atakulisha, Bibi?"

"Sitakufa."

"Najua hutakufa," alisema mjukuu.

Alikwenda bafuni. Akabadilisha nguo za wale wazee wawili, akachemsha maji, akawapikia uji wote arobaini na mmoja, akawalisha mmoja baada ya mwingine, na bibi yake akafumbua mdomo zamu yake ilipofika. Kisha akampangusia kidevu.

"Chuo wamesema nafasi inaweza kungoja," alisema. "Mwaka mmoja tu, basi."

Mdogo alitaka kumpigia kelele akimbie. Aliutafuta moyo wake ule uliokuwa ukirukaruka kwa hofu usiku na mchana kwa ajili ya mtoto huyu, akaukuta unapiga taratibu, pigo baada ya pigo, hauna haraka na mtu. Mwaka mmoja. Aliupima, na kwa mara ya kwanza maishani mwake mwaka ukaonekana kwake kitu kifupi.

"Mwaka si mwingi, binti," alisema. "Bado kidogo."

Mjukuu aliitikia kwa kichwa, akashika ndoo mbili, akaenda kuteka maji.