Makaburi ya Namswea

Tadea alikuwa akichambua kahawa kwenye chanja kijana mmoja aliposhuka kwenye bodaboda na kumpa shikamoo. Alijitambulisha: Ambokile, wa kampuni ya filamu ya Dar es Salaam. Hata kiti hakukisubiri, akatoa fomu.

"Bibi, tumenunua leseni ya filamu ya zamani kutoka hifadhi moja ya Ulaya. Ilipigwa hapa Namswea mwaka sitini na saba. Parokiani wameniambia mtoto anayeonekana ndani yake ni wewe. Naomba sahihi yako tu, na nakala nitakuachia."

Akafungua kompyuta. Wanawake walikuwa wameinama na majembe kwenye mashimo ya mlimani, na kando ya kitoto cha kike alisimama mama yake Tadea. Alifariki mwaka uleule, hakuacha hata picha moja. Miaka yote hiyo Tadea alikuwa akiitafuta sura ile kichwani mwake na kuikosa. Sasa ilikuwa mbele yake, inacheka. Machozi yakamlengalenga.

Kisha mwanamume mwenye sauti nzito akaanza kusimulia. Alisema hawa ni akina mama wakizika watoto wao waliokufa kwa tauni.

"Wanazika nani?" Tadea aliuliza.

"Ndivyo maelezo ya hifadhi yanavyosema, bibi."

"Hizo ni ngolo, mashimo yetu ya kilimo. Wanaume wanafyeka nyasi na kuzilaza miraba miraba, sisi wanawake tunazifukia kwa udongo, tunapanda maharage. Geuka uangalie. Na wewe umewahi kuona mama anazika mtoto huku anacheka?"

Ambokile aligeuka. Mlima mzima nyuma yake ulikuwa na mashimo yale yale, kutoka juu mpaka mtoni, na maharage yamestawi kwenye kingo zake. Aliyaona, hakuna ubishi, kwa maana aliinamisha uso. Hilo ndilo lililompandisha Tadea hasira kuliko hata uongo wenyewe. Huko Ulaya walikosea kwa kutojua. Huyu alikuwa anajua, na fomu bado amemnyooshea.

"Bibi, leseni tumeilipia kwa ajili ya sehemu ya tauni katika filamu yetu mpya. Tukibadilisha maneno, picha hizi hazina kazi tena. Usiposaini, ofisini watazifunika nyuso zenu kwa ukungu waendelee. Na nakala sitaruhusiwa kukuachia."

Tadea alijisogeza karibu na kompyuta.

"Mzime huyo anayesema," alisema. "Halafu irudie."

Ikarudiwa bila sauti. Alimtazama mama yake kuanzia kilemba mpaka miguu, polepole, kama mtu anayejifunza sala kwa moyo, mpaka picha ikakatika. Kisha akaisukuma fomu kando bila kuitia sahihi.

"Kawaambie wamfunike mama yangu vizuri," alisema. "Asionekane hata meno."