Kimya cha Belarmino Quadros

Kwa miaka kumi na minane Jandira alifanya kazi na Belarmino Quadros, na alichokiona zaidi ni viatu vyake. Yeye alikaa ndani ya kishimo ukingoni mwa jukwaa, amefichwa watazamaji wasimwone, macho kwenye karatasi, akimnong'oneza Belarmino kila sentensi kabla hajaitamka. Wakati huo vikundi vya maigizo vya Rio vilibadilisha mchezo kila wiki. Nani angeweza kukariri? Belarmino alilishwa maneno kama mtoto anavyolishwa uji, kisha akayatoa yakiwa na uhai.

Halafu sinema ikamchukua. Kwa miaka sita alicheza filamu za kuchekesha za kanivali, picha zake zikabandikwa ukutani hadi mji wa mbali wa Recife. Jandira alinuna, hakutazama hata moja.

Aliporudi jukwaani mwaka 1954, mwongozaji mpya aliamuru kishimo kizibwe kwa mbao. Mwigizaji asiyejua maneno yake, alisema, akauze samaki. Waigizaji wengine wakacheka chinichini, wakisemezana. Belarmino hajawahi kukariri hata barua ya mapenzi. Ataumbuka Jumapili, na jukwaani hatapanda tena.

Jandira aliwaamini. Jumapili alasiri akaketi safu ya tatu, mchezo mzima ukiwa kichwani mwake.

Sehemu ya kwanza ilipita salama. Katika ya pili, baba analetewa kofia ya mwanawe aliyezama mtoni. Belarmino aliipokea, akafungua mdomo, hakusema kitu.

Jandira akahesabu moyoni. Tano. Nane. Kumi na mbili. Amepotea, maskini. Akainama mbele, na mdomo wake uliozoea ukafanya kazi yake:

"Maji yalikuwa baridi?"

Safu nzima iligeuka. "Nyamaza, bibi," mama mmoja akamwambia. "Tunamsikiliza."

Wanamsikiliza mtu ambaye hajasema neno. Jandira akageuka nyuma: watu mia nane, hakuna anayekohoa. Ndipo akainua macho, akamwona Belarmino akiigiza. Baba yule alikuwa anazeeka mbele yao, polepole, kidole kikipapasa ukingo wa kofia. Hapakuwa na neno lolote la kumnong'oneza mtu aliyefika pale.

Kisha Belarmino akauliza, kwa sauti ndogo, kama maji yalikuwa baridi. Kwenye roshani ya juu mtu akalia kwa kwikwi.

Baada ya pazia, Jandira alimfuata katika chumba cha kuvalia.

"Safu ya tatu ina nyoka," Belarmino akamtania, akijifuta rangi usoni. "Nimemsikia akinong'ona."

"Na kile kimya? Umekipata wapi?"

"Ninacho tangu zamani, Bi Jandira. Wewe tu ulikuwa na haraka."

Akacheka. Jandira hakuweza. Miaka kumi na minane alidhani anamwokoa, kumbe kila jioni alikuwa anamkatiza. Alibaki mlangoni, yeye aliyezoea kumwita mvivu mbele za watu, akaomba kwa adabu kama Bwana Quadros angeruhusu aje kutazama tena Jumanne, safu ya nyuma kabisa.