Tundu kwenye Ua wa Tauno

Kwetu Finland, mtu akitaka kuachwa peke yake hafungui mdomo. Anaacha ua wake wa miti urefuke. Jirani anauona, anaelewa, anakaa kwake, na wote wawili wanajiona wana adabu. Mimi adabu hiyo siipendi, nasema wazi.

Rauni hakuwa na nia ya kumfukuza mtu. Mumewe Tauno ndiye aliyeupanda ule ua wa misprusi, miti ileile ya Krismasi, akaipanga karibu karibu kwenye mpaka wa kiwanja chao na cha Sylvi. Kila Agosti aliukata usawa wa kifua. Alivuta kamba toka kigingi hadi kigingi, akakata kwa kuifuata, na hakuongea na mtu mpaka amalize. Upande wa pili Sylvi, mjane asiyeishiwa maneno, alikusanya matawi huku akimtania.

"Tauno, umepinda hapo! Unakata ua au unanyoa kondoo?"

Kazi ikiisha Sylvi alileta mikate mitamu ya iliki, wakanywa kahawa wote watatu, vikombe vimewekwa juu ya ua wenyewe, jinsi ulivyokuwa umeshonana. Barabara ile ya msituni haikuwa na nyumba nyingine.

Tauno alipofariki, mkasi wake ulibaki kwenye msumari wa banda, pale alipoutundika. Rauni hakuweza kuugusa. Agosti ya kwanza ikapita, ya pili nayo ikapita, na misprusi haikumsubiri. Siku moja alikuta sahani ya mikate mlangoni. Sylvi alikuwa ameiacha bila kubisha, asije akamsumbua mfiwa. Rauni naye aliiosha ile sahani akaenda kuiacha mlangoni kwa Sylvi bila kubisha, asije akamsumbua mwenye nyumba. Basi, ikawa ndiyo mara ya mwisho. Ua uliwapita vichwa, na miaka ikaenda.

Upweke ulimkaba Rauni, tena vibaya. Hata duka la kijijini lilileta mashine ya kulipia, kwa hiyo siku nyingine jua lilizama hajatoa sauti. Hapo alisoma kwa sauti maandishi ya kwenye pakiti ya maziwa, apate kujua kama sauti bado anayo. Alitamani kumwona Sylvi, yeye na domo lake. Kila siku aliamka akisema leo Sylvi atabisha.

Agosti hii alichoka kungoja, akachukua msumeno. Tauno alikuwa amemfundisha mapema: "Msprusi unaukata kwenye kijani tu. Ukiingia ndani kwenye kahawia, hauchipui tena. Kosa lako litakaa hapo likikutazama." Rauni alijijua. Akipunguza ncha tu, ua ungejifunga tena naye angekata tamaa. Kwa hiyo aliingia kwenye kahawia makusudi, akakata matawi mpaka kwenye mashina, na shina moja lililomzuia akalikata hadi chini. Utomvu ulimganda vidoleni. Alipenya na vijani vya msprusi, vyenye ncha kama sindano, kwenye nywele, huku akiwa na maneno ya kwanza tayari: Sylvi, nimepinda hapa, njoo unicheke.

Nyasi za upande ule zilikuwa zimemfika magotini. Mlangoni alisimama Ilari, mtoto wa Sylvi anayeishi mjini Tampere, amebeba boksi la vyombo.

"Shangazi Rauni!" Nusura aliangushe. "Umetokea wapi?"

"Nimeupenya ua. Mama yuko wapi?"

Ilari aliweka boksi chini polepole. "Mama alifariki, shangazi. Mwezi wa nne. Kwani hukuona bendera? Tuliiweka nusu mlingoti, siku aliyokufa na siku ya mazishi."

Rauni aliutazama mlingoti mweupe katikati ya uwanja wa Sylvi, maana kwetu nyumba nyingi zina mlingoti wake, kisha akageuka akaitazama misprusi yake. Ilikuwa mirefu kiasi kwamba kutoka jikoni kwake mlingoti haukuonekana.

"Niliyasikia magari," alisema. "Nikadhani ana sherehe. Nikaona wivu."

"Tulitaka kukuita. Lakini mama mwenyewe alikuwa akisema, Rauni ameacha ua ukue, anataka kubaki na marehemu wake, tumheshimu." Ilari alikuna shingo. "Ila kila Agosti alikuwa anafungua lile dirisha, anasikiliza kama mkasi unalia. Na mikate alikuwa anaoka. Tukawa tunaishia kuila sisi."

Rauni alirudi kwake kupitia palepale alipopenya.

Jumamosi iliyofuata, akiwa dirishani na kahawa yake, alimwona Ilari kwenye lile tundu. Alikuwa na koleo na mche wa msprusi, mizizi imefungwa kwenye gunia. Hakuwa amebisha hodi. Alichimba shimo pana, si refu sana, kama inavyotakiwa. Rauni alijua kinachompasa: kesho yake amwachie pakiti ya kahawa mlangoni, na mambo yaishe. Badala yake alitoka, miguuni soksi tu.

"Huo wa nini?"

"Wa kuziba, shangazi. Kwako kumebaki wazi. Mimi nyumba siiuzi, nitakuwa nakuja wikendi, sitaki kukusumbua."

"Ilari."

"Naam."

"Nisumbue."

Ilari alibaki ameukumbatia mche.

"Kaupande kule kwenye uwazi, mbali na nyumba, maana utakuwa mkubwa," Rauni alisema kwa haraka, asije akaishiwa ujasiri. "Na usiufukie shina, utaoza. Hilo shimo lifukie, hapa pabaki wazi. Mimi nataka kuona watu. Na kuna lingine. Ile bendera."

"Bendera gani?"

"Ya mama yako. Ipandishe nusu mlingoti. Mara ile sikuiona."

Ilari alitazama mlingoti, akamtazama Rauni. Sisi ni watu wa taratibu, na bendera ina siku zake. "Shangazi, mtu akipita atadhani kuna aliyekufa."

"Kwani hakufa?"

Ilari alilaza mche kwenye nyasi, akaingia ndani, akatoka na bendera iliyokunjwa. Aliivuta mpaka juu kabisa, kisha akaishusha hadi nusu, akavua kofia. Upepo haukuwepo, kitambaa kilining'inia tu. Rauni alisimama kwenye tundu lake, soksi zimelowa, matawi makavu yakimgusa mabega huku na huku, akamlilia Sylvi kwa sauti kama alivyopaswa kumlilia mwezi wa nne. Barabarani hakupita mtu.