Siri Juu ya Mnazi

Huko Moa, Bi Mwamvua ndiye aliyeongoza kuukataa mnara wa simu. Miale yake, alisema, ingeviza hata mayai ya kuku. Lakini simu aliitaka. Kwa kuwa mtandao ulishika mnazini tu, akamwomba mkwezi Idarusi apande nayo, ampigie bintiye Hafsa aliyeko Maskati.

Idarusi alipanda kama anayetembea barazani, akaongea, kisha akapaza sauti:

“Shangazi! Hafsa ana mimba! Anasema asiambiwe mtu!”

“Mashaallah!” kijiji kizima kikaitikia.

Mama huyu ana sifa moja adimu: akikosea, hajitetei. Alijitanda kanga akaenda moja kwa moja kwa mwenyekiti.

“Mnara uleteni, hata uani kwangu. Habari za mjukuu wa pili zitafika sikioni mwangu kwanza.”