Kiti cha Bukuru

Usiku wa kuamkia leo niliota bodi mbili za hovabodi zinanigombeza mezani kwangu, hapa Makambako. Hovabodi ni kile chombo cha magurudumu mawili ambacho watoto wa mjini husimama juu yake. Nilipewa moja iliyokufa, nikaing'oa magurudumu na bodi, vile vibao vya umeme vinavyoyaendesha, nikamtengenezea kiti pacha wangu Bukuru aliyeko Kasulu. Miguu imemgomea. Kiti kimekamilika tangu masika. Asiyekwenda ni mimi, mwaka wa tisa huu.

"Umetupigilia misumari wima," inasema bodi ya kushoto. "Sisi tukiwekwa wima tunadhani tunaanguka. Tulaze."

"Kazi hii nimejifunza kwa kutazama."

"Inaonekana."

Nazilaza. Sheria yao ni kwenda mtu anakoinamia. Ya kulia inanikagua.

"Mzee huyu kainama magharibi. Tangu lini?"

"Tangu nilipoondoka."

"Basi kaa ushike."

Nakaa kitini. Ukuta unatupisha. "Piteni, piteni," unasema. Tabora inakunjwa chini yetu kama mkeka. Mto Malagarasi unadai kitambulisho. Naonyesha kovu la gotini nililolipatia kwake utotoni, unaridhika.

Bukuru yuko jikoni, kakaa chini. Kifuani kwake inapepesa taa nyekundu. Najitazama: na kwangu pia.

"Bodi mbili zisiposemezana, chombo hakitembei," inaeleza ile ya kushoto.

"Wewe nyamaza, huyu ni wangu," anaiambia Bukuru. Kisha ananigeukia. "We Butoyi, umekuja au unapita?"

"Nimekuletea kiti, dada."

"Nilikuomba kiti mimi?"

Nakisogeza kiti karibu naye.

"Nawa mikono, ule."

Ananisogezea ugali na mgebuka, samaki wa Ziwa Tanganyika. Nakula. Taa zinageuka kijani, yake kwanza, maana alinitangulia kuzaliwa kwa robo saa na hajawahi kuniachia nitangulie lolote. Nataka kumwambia nilivyomkumbuka, ila mdomo umejaa. Nilikuwa natafuna nimalize nimwambie, nikaamka.

Jana nililalia uji mtupu. Mgebuka sijauonja mwaka mzima. Lakini kitu kilinichoma kwenye fizi. Nikakichokonoa kwa ukucha, nikakipeleka dirishani penye mwanga: mwiba wa samaki, una chumvi bado.

Kiti nimekifunga kamba. Kinapanda basi leo, na mimi nacho.